Sauti ya Chini

Jumatatu, 3 Machi 2025

Albamu ya dada imetolewa upya. Miaka ishirini na miwili – na leo saluni nzima inaimba. Mteja wa kwanza, mwalimu, alilia nikiwa katikati ya kumsuka. Eti inamkumbusha nyumba waliyohama akiwa mdogo. Nikamwambia ainue kichwa. Nyimbo nane za huzuni, na sauti ya chini kwenye zote nane ni yangu. Sikumwambia.

Jumatano, 5 Machi

Nimeliona jalada jipya. Picha ile ile, ila mimi wamenikata. Limebaki bega. Asiyejua atadhani kivuli.

Redioni mtangazaji kamuuliza dada, ile sauti ya pili ni ya nani? Akacheka. Kasema alijirekodi mwenyewe mara mbili. Hata hakumeza mate.

Nilimvuta mteja nywele mpaka akaguna.

Ijumaa, 7 Machi

Binti yangu, miaka kumi na tisa, amezishika nyimbo zote nane kwa moyo. Yeye na wenzake wa chuo wanatunga za kwao kwa mtindo ule ule. Jioni kaniuliza mama mkubwa aliwezaje kushuka chini vile. Nikasema muulize mwenyewe.

Hajui kama niliwahi kuimba. Niliacha nikiwa na mimba yake – dada alisema mwenye tumbo hapandi jukwaani. Mtoto anaambiwaje jambo hilo?

Jumapili, 9 Machi

Dada amekuja. Hajakanyaga hapa nyumbani tangu tumzike mama. Jumamosi ana onyesho, hana mtu wa sauti ya chini. Nikadhani amenifuata mimi. Mjinga, nikavua na aproni. Akanipita, akamshika binti mkono.

"Huyu ndiye ninayemtaka."

Binti akakimbilia simu kuwaambia wenzake. Nikamwambia, dada, unajua ile sauti ni ya nani. Akanijibu kwa upole kabisa:

"Mdogo wangu, mla ni mla leo."

Sasa wako sebuleni, mimi nimejifungia chumbani naandika. Anamfundisha. Anamfundisha vibaya – mstari wa pili unashuka, yeye anaupandisha. Mtoto karudia hivyo hivyo, mara tatu. Anasema, mama mkubwa, mbona hapa hapakai sawa? Dada anasema pako sawa.



"Mama, hebu njoo usikilize."