Sifuri Tatu

3 Machi

Shangazi,

Shikamoo. Natumaini kifua kimepoa na ngazi za ofisini hazikukatishi pumzi tena. Sisi wazima, isipokuwa Bibi, ambaye anakohoa na kukataa kwamba anakohoa.

Ninaandika kwa sababu nikishika simu maneno hunikauka. Tangu nimalize shule kazi yangu ni ile uliyonipa: saa tatu asubuhi naenda nyuma ya nyumba, nasoma maji kwenye kipima mvua, nakutumia namba. Baba ananicheka. "Dada yangu analipwa kuangalia juu, sasa amepata msaidizi wa kuangalia ndani ya kopo!" Mimi sicheki. Nataka kuwa mtaalamu wa tabianchi kama wewe. Je, ungeniandikia barua ya kunipendekeza chuoni? Kama nimeomba jambo kubwa mno, usijibu, nitaelewa.

Binti wa kaka yako

11 Machi

Kimya wangu,

Marahaba. Kifua kimepoa, ngazi ni zilezile. Mwambie baba yako kopo hilo ni kituo cha mvua nilichokigombania miaka sita. Idara nzima ya hali ya hewa mwanamke ni mimi peke yangu. Nikisema mvua zimebadilika, wenzangu huniita Bi Mawingu na kuniuliza kama nimeshaanua nguo.

Mto unaanzia huko kwenu juu. Mvua ikinyesha kwenu, maji hutufikia mjini baada ya siku mbili, na mtaa wa chini umejengwa karibu ndani ya mto. Ndiyo maana namba yako ni ya kwanza ninayoitafuta kila siku. Jambo moja tu: siku usiyopima, tuma kistari, usitume sifuri. Kistari maana yake hatujui. Sifuri maana yake tumetazama na haikunyesha.

Barua ya chuo nitaiandika, tena kwa furaha. Na Bibi apelekwe hospitali, atake asitake.

Shangazi yako

2 Mei

Kimya,

Nimefurahi kusikia Bibi amerudi nyumbani. Baba yako aliniambia alilazwa wiki ile ya mafuriko na akauguzwa vizuri. Hakusema aliuguzwa na nani.

Yaliyotokea umeyasikia redioni. Picha za mawingu zilikuwa zimenitisha, nikaandika tahadhari ya kuwahamisha watu wa mtaa wa chini. Mkuu wa idara akasimama nyuma ya kiti changu. "Na kituo chako mwenyewe kinasemaje, Bi Mawingu?" Tukatazama. Sifuri, sifuri, sifuri. Nikaifuta tahadhari kwa mkono wangu. Kesho yake alasiri, watoto wakiwa wametoka shule, maji yakaingia mtaa wa chini. Watu kumi na wanne.

Kamati ya uchunguzi inakaa tarehe 20, na kwenye ile tahadhari iliyofutwa kuna sahihi yangu. Ningeweza kukupigia, lakini nataka unijibu bila kuisikia sauti yangu. Siku zile tatu, ulikuwa nyumbani?

Shangazi yako

9 Mei

Shangazi,

Shikamoo. Kukuuliza hali yako naona aibu.

Sikuwa nyumbani. Nilikuwa hospitali, mbali na kwetu, kando ya kitanda cha Bibi. Saa tatu ilipofika nilichungulia dirishani. Mbingu nyeupe, jua kali. Nikatuma sifuri. Kistari nilikikumbuka. Lakini ulikuwa unaniandikia barua ya chuo, nikaogopa utasema hata miezi miwili haijapita tangu nikuombe, nimeshaacha kazi. Siku ya pili ikawa rahisi zaidi. Ya tatu sikuchungulia hata dirishani.

Niliporudi nikaambiwa kwetu ilinyesha siku zote tatu. Kopo lilikuwa limejaa hadi kufurika. Nililimwaga, sikupima.

Baba anasema ninyamaze, ndugu hawachongeani, na wewe hutanitaja. Mimi naomba uisome barua hii mbele ya kamati.

Binti wa kaka yako

27 Mei

Kimya,

Nimeisoma, yote, nikiwa nimesimama. Jina lako sikulitaja. Mama mmoja mshonaji wa mtaa wa chini, aliyefiwa na mtoto, aliuliza mpimaji ana umri gani. Nikasema kumi na minane. Akasema, "Wangu alikuwa na sita," akaketi.

Nimefukuzwa. Usijibebeshe hilo lote. Simu ilikuwa mezani, ningekupigia dakika moja tu kukuuliza kama kweli hakuna mvua. Sikupiga kwa sababu mkuu alikuwa amesimama pale, na nikaona haya kuonekana nambembeleza mtoto wa kaka yangu aniletee mvua. Miaka kumi na tisa ya kazi, na nikashindwa kupiga simu moja.

Barua ya chuo nimeichana. Nimejaribu kuandika kwamba nimekusamehe, kalamu imekataa. Usije kwa sasa. Nitakuandikia.

Shangazi yako

14 Agosti

Shangazi,

Shikamoo. Hii ni barua ya nne tangu uliponyamaza. Bibi anakusalimu. Hatujamwambia yaliyotokea.

Jana nilikuja mjini kumtafuta yule mama mshonaji. Nilimkuta kwenye baraza la jirani, anashona sare kwa cherehani ya kuazima. Nilipita mara mbili kabla ya kusimama.

"Mama, mimi ndiye niliyetuma sifuri."

Mguu wake ukaacha kukanyaga.

"Huko hospitali mbingu zilikuwaje?"

"Nyeupe, mama. Jua kali."

"Rudia."

Nikarudia. Akaniambia nirudie tena, na tena. Kisha akasema niondoke, ana kazi ya watu.

Nikaja mtaani kwako. Nilisimama ng'ambo ya barabara kwa sababu ulisema nisije. Ulikuwa mlangoni unafagia. Umekonda. Uliinua kichwa, ukatazama upande wangu muda mrefu, ukaingia ndani na kufunga mlango bila haraka.

Kama hukunitambua, yule alikuwa ni mimi.

Binti wa kaka yako