Katlesi Zisizo na Gamba

Kirumba, Mwanza
Jumapili

Dada yangu mpenzi Mwanaharusi,

Assalaam alaykum, na shikamoo. Natumaini joto la Maskati halijawakondesha, na kwamba shemeji na watoto ni wazima. Sisi huku tunapumua, alhamdulillah. Mvua haikatiki, na njia ya kushukia soko la samaki la Mwaloni ni matope matupu. Utashangaa kuniona naandika barua kama watu wa zamani. Simu zako tunazipokelea kitandani kwa mama, na nikijaribu kukupigia nikiwa nje nalia kabla hujaitika. Ndiyo maana nimempa Salehe bahasha hii, maana anarudi huko kazini.

Mama hajambo kiasi. Moyo bado dhaifu, miguu inavimba, lakini mdomo haujaugua hata kidogo. Jirani yetu Justa, anayenisaidia kumwogesha, ameambiwa kwamba anasugua watu kama masufuria.

Ijumaa alidai katlesi za kaa. Unajua zilivyokuwa zamani: mdogo wetu Bashiru alikuwa akinunua kaa huko Tanga, akawachemsha, akachambua nyama mwenyewe na kuipakia kwenye basi ikiwa na barafu, nami nikaipokea stendi ya Nyegezi. Na unajua uvivu wake. Hakuna siku aliyochambua kaa akamaliza magamba. Mama akiuma kipande cha gamba alikitoa, akakiweka ukingoni mwa sahani na kusema mwanawe amemsalimia. Sote tuligombea salamu hizo.

Tangu tumzike Bashiru, nimekuwa nikitumia sangara. Tulikubaliana, wewe na mimi, kwamba kwa kuwa daktari alisema moyo wa mama hauwezi kubeba mshtuko, asiambiwe ile ajali. Tuseme Bashiru amepanda meli ya mizigo, mtandao haushiki, na nyama ya kaa aliyoichambua na kuigandisha kabla ya kusafiri tunatumiwa na rafiki yake. Mimi nilirudi kutoka Tanga nikamwambia nilikuwa harusini. Harusini, dada, na macho yamenivimba vile.

Basi nikaingia jikoni. Nikachemsha minofu, nikaitoa miiba yote kwa vidole, nikiogopa isije ikamkwama. Nikaponda na viazi, tangawizi, pilipili mbichi na ndimu nyingi ili kuua harufu ya ziwa. Nikafinyanga, nikachovya kwenye yai na chenga za mkate, nikakaanga kwa mafuta kidogo kama alivyotufundisha, upande mmoja ukishika rangi ndipo unageuza. Zilitoka nzuri. Nilijisifu moyoni, mpumbavu mimi.

Mama alikula moja polepole, akala ya pili. Kisha akaizungusha sahani, akitazama ukingo wake, akaniuliza Bashiru alikufa lini.

Nilitaka kucheka nimwambie anaota. Akasema ulimi wake umeharibiwa na dawa, hivyo mwanzoni alidhani ladha ndiyo inampotea. Lakini tangu niliporudi kutoka kwenye ile harusi, hakuna sahani iliyokuwa na gamba, na mtoto aliyemzaa hawezi kuanza kazi ya makini ukubwani. Alijua siku nyingi, dada. Alikuwa akilia tukitoka chumbani. Alinyamaza kwa sababu aliniona ninavyohangaika na kikaango, akaogopa kwamba akisema, mimi ndiye nitakayevunjika. Sasa amechoka kumlilia mwanawe kwa siri kama mwizi.

Nikamweleza yote: bodaboda, lori, na kaburi lilipo. Hakupiga kelele. Aliuliza tu nani alimwosha, na kama sanda ilimtosha, kwa urefu ule. Nikalala miguuni pake nikalia kama mtoto, naye ndiye aliyenibembeleza.

Ameniomba jambo moja, nami namwasi kwa barua hii. Kila ukipiga simu, wewe humwambia mabaharia wanaofika Maskati wamekuletea salamu za Bashiru. Mama amesema nikuache uendelee, maana anasikia kwenye sauti yako kwamba salamu hizo zinakufariji wewe. Mimi siwezi tena kukaa pale kitandani nikimtazama anavyozipokea na kushukuru.

Kwa hiyo ukipiga, usimletee tena salamu za Bashiru. Mpe pole. Mama amefiwa na mwanawe, na mpaka leo hakuna hata mmoja wetu aliyempa pole.

Wabusu watoto, na msalimie sana shemeji. Justa anakusalimu. Mama naye anakusalimu, na hizi ni salamu za kweli.

Mdogo wako akupendaye,
Hadiya