Lupango Iko na Mwenyewe

Baba Noëlla,

Sombe iko mu chungu, bukari utapika mwenyewe. Kuku ziko inje, uziangalie.

Mi naenda ku biro ya cadastre, kwa bale bapimaji ya udongo. Sikukuamsha, juu kazi ya usiku inachokesha, na hasira yangu ilikuwa ingali moto.

Leo asubui natoka kuchota mayi, nakuta bantu ya serikali bamemaliza kupima lupango yetu, kiwanja yote. Jiwe ya mupaka bameipanda kati ya nyumba na jikoni. Jikoni yangu imebakia mu barabara! Na we? Ulibapatia kiti, ukabapatia mayi ya baridi, hata kamba ya kupimia ukabashikia. Ati "bageni ni bageni." Bakauliza kama mwenye lupango anakubali, ukajibu: "Ndiyo, bakubwa."

Mwenye lupango ni nani? Mama yangu aliniachia mi. Sheria inasema mwenye udongo anaitwa, anasikilizwa, kiisha ndiyo jiwe inapandwa. Mi hakuna mwenye aliniita. Naenda na jirani Domitille: yeye alimuona mama akipanda ile muti ya avoka ku mupaka.

~~Usinifuate, utabapatia tena mayi.~~

Hapana, kuja. Ukiamka, kuja useme mbele yabo kwamba ulijibu pa nafasi ya mwingine.

Kiti usiitafute, nimeibeba. Bale balikaa kwetu bila kunisikiliza. Mi nitakaa kwabo mpaka banisikilize.

Mama Noëlla, mwenye lupango