Kucha za Mkono wa Kulia

Mjukuu wangu Nambozo,

Huku Walukuba tu wazima. Babu yako magoti yanamsumbua, lakini bado anabishana na redio kila asubuhi.

Umeniuliza ufanye nini, maana shangazi yako huko Nakuru anasema unafuga kucha za mkono wa kulia ili ukwepe kazi za jikoni, wala si kwa ajili ya gitaa. Ngoja nikusimulie nilivyompata mwalimu wangu.

Nilikuwa msichana, kwetu Mbale. Mama mmoja alitoka Jinja kuja kutupigia gitaa kanisani, lile la kupigwa kwa kucha, taratibu, umekaa. Hatukuwahi kulisikia. Mama yangu ndiye aliyewapikia wageni. Mgeni yule akaingia jikoni, akaketi mkekani, akaanza kumenya karanga pamoja nasi. Kucha ya kidole gumba ikakatika. Nikashtuka, yeye akacheka.

"Itaota, mwanangu."

Jioni akapiga kwa nyama ya kidole. Sauti ilikuwa ya chini, kama ya mtu anayembembeleza mtoto. Mama, ambaye hakuwa mtu wa muziki, aliacha masufuria akaja kukaa mbele kabisa. Baadaye akanifungia nguo, akanipeleka Jinja kwa mwalimu huyo.

Sikuambii uzikate. Ila nilipokuwa mtu mzima nilimuuliza mama alipenda wimbo upi siku ile. Akasema hakumbuki hata mmoja. Alinikabidhi kwa yule mwalimu kwa sababu ya zile karanga.

Msalimie shangazi yako.

Bibi yako