Peasi na Miguu Yake ya Nyuma

Jumatatu, 3 Juni 2024

Peasi ameumia. Ndama wangu wa miezi mitano. Wangu! Si wangu, na hapo ndipo shida ilipo. Ni wa Zipora, jirani yangu wa ng'ambo ya bonde. Kikundi chetu cha usharika kinakwenda hivi: unapewa mtamba, akizaa jike wa kwanza unampeleka kwa anayefuata kwenye orodha. Mimi nilipewa Kitulo. Kitulo kamzaa Peasi. Zipora amesubiri miaka mitatu, banda lake tayari, hata ndoo ya kukamulia ameshaning'iniza ukutani. Makabidhiano ni tarehe 13 Julai, na matarumbeta juu.

Kanuni ya kikundi haina mjadala: ng'ombe hatoki bandani. Leo jua limetoka baada ya siku nne za ukungu, nikamhurumia, nikamfungulia. Akaruka huku, akaruka kule. Kisha akatumbukia kwenye shimo la parachichi. Shimo nililochimba mwenyewe mwezi wa nne, na mche sijanunua mpaka leo.

Mgongo. Miguu ya nyuma imelegea kama soksi. Nimemvuta juu ya gunia mpaka bandani, peke yangu, nikilia.

Zipora akasikia, akaja mbio. Akauliza imekuwaje. Nikasema ameteleza bandani. Mwalimu wa baiolojia, mzee wa kanisa, miaka hamsini na tatu! Imenitoka tu.

Shimo nitafukia kesho.

Jumanne, 4 Juni

Jofrey, daktari wa mifugo, amekuja. Kachoma sindano, kabonyeza mgongo, kanuna. Anasema uti haujakatika, umepondeka. Tungoje. Asipoinuka ndani ya mwezi mmoja, tuandae masufuria.

Akaubana mkia wa Peasi kwa vidole. Na hapo nikaona! Miguu ya nyuma ikapiga. Kushoto. Kulia. Kushoto. Jofrey akasema ni mshtuko tu, Mwalimu. Mshtuko gani unapokezana? Nikamwambia abane tena. Kulia. Kushoto. Kulia. Peasi mwenyewe kichwa kiko kwenye pumba, hana habari.

Nimefundisha uti wa mgongo miaka ishirini na nane. Mchoro mmoja ubaoni: nyundo, goti, mguu unaruka, kengele, kwaherini. Leo jioni nimesoma kwenye simu mpaka chaji ikaisha. Kumbe zamani sana, zaidi ya miaka mia, kuna watu walimkata paka uti wa mgongo, wakamweka juu ya mkanda unaotembea, na paka akatembea. Ubongo hauna taarifa. Uti wenyewe una vikundi vya seli vinavyopokezana — vya kukunja mguu na vya kunyoosha. Hawa wakifanya kazi wanawanyamazisha wale, wakichoka wale wanashika. Kama wanawake wawili kwenye kinu kimoja. Mchi huu juu, mchi ule chini, hakuna anayehesabu na michi haigongani.

Ubongo kazi yake ni kusema anzeni na basi. Sasa natafuta mkanda.

Ijumaa, 7 Juni

Kikao cha kikundi. Mwenyekiti, Mzee Ambrose, hana huruma na ndama. Anasema kanuni iko wazi: mnyama atoke getini kwa mtoaji kwa miguu yake mwenyewe. Ng'ombe wa kubebwa ni nyama. Asipotembea siku ile, achinjwe, na Zipora arudi mwisho wa orodha. Miaka mingine mitatu!

Nikaeleza habari ya uti wa mgongo. Ambrose akasema kutembea bila kuamua si kutembea, ni kutikisika. Palepale akashikwa na kwikwi. Hik! Nikamwuliza, Mwenyekiti, na hiyo umeiamua? Kikao kikacheka. Yeye hakucheka. Alipata kwikwi mpaka kufunga kwa sala.

Zipora alinisubiri nje. Njiani akanishika mkono, akasema Mungu akubariki Mwalimu kwa unavyohangaika, wala halikuwa kosa lako. Nilitamani ardhi inimeze. Ardhi yangu ina shimo tayari.

Jumatatu, 10 Juni

Makambako. Mdogo wangu Lenard ana ghala la viazi karibu na barabara kuu. Ana mkanda wa kupandishia magunia kwenye malori. Nimekuja na Peasi juu ya pikapu, kafunikwa blanketi langu la kitandani.

Lenard aliponisikiliza akaniuliza, dada, umekula? Nikasema nimekula. Akauliza kama nalala vizuri. Nikamwambia aulaze mkanda chini na awashe kwa mwendo wa pole.

Tumemfunga Peasi kitenge tumboni, vijana wawili wamemning'iniza kwenye bomba. Kwato za nyuma zikagusa mkanda. Mkanda ukazivuta nyuma. Zikaburutwa. Zikaburutwa. Zikaburutwa mpaka mchana. Malori mawili yanangoja kupakia, madereva wanakula mahindi ya kuchoma na kunishauri. Mmoja anasema ndama avalishwe raba.

Saa nane mguu wa kushoto ukainuka. Wenyewe! Ukaja mbele, ukatua. Nimepiga kigelegele ghalani mpaka mama ntilie wa jirani akaja na mwiko mkononi.

Alhamisi, 13 Juni

Hatua kumi na moja mfululizo. Mkanda ukiongezwa mwendo, naye anaongeza. Ukipunguzwa, anapunguza. Mbele Peasi anatafuna majani ya mahindi, macho yamelegea. Nyuma kazi inaendelea. Wafanyakazi wanasema ng'ombe huyu ana dereva na utingo, na hawasemeshani.

Madereva sasa wanapaki hapa kwa makusudi. Mzee mmoja mwenye ganzi ya miguu ameomba naye awekwe. Nikakataa. Lenard akamweka. Mzee ametembea nusu saa, akashuka, akasema ganzi iko palepale ila hamu ya kula imerudi.

Jumatano, 19 Juni

Kitenge tumekilegeza. Uzito anabeba mwenyewe, nusu. Nimefurahi mno, mpaka nilipozima mkanda. Peasi akaendelea! Akashuka kwenye mkanda, hatua sita sakafuni, kwato kwenye saruji. Kisha mbele akataka kusimama anuse gunia, na nyuma hawakupewa habari. Wakaendelea kusukuma. Akajikunja katikati, akalala chini, akanitazama.

Kumlaza ni rahisi. Kumwanzisha tena imechukua saa nzima na mkanda.

Kwa hiyo anzeni ya mkanda inafika. Basi haifiki. Nimeiandika kwenye karatasi nikaibandika ukutani ghalani. Mtu kaandika chini yake kwa kalamu nyekundu: kama mke wangu.

Jumapili, 23 Juni

Ibada hapa Makambako. Mahubiri yalikuwa juu ya mti na matunda yake. Nikamwaza parachichi. Sikusikia kingine.

Zipora kapiga simu. Ameota Peasi anacheza. Anauliza ndama alale kwenye majani makavu au pumba za mbao? Akaniambia tena si kosa langu. Nani amemwuliza?

Jumamosi, 29 Juni

Tumerudi nyumbani, Njombe. Baridi ya kukata masikio, umande umeganda kwenye majani kama chumvi. Peasi anatembea uani akianzishwa — unamshika kiuno, unauvuta mguu mmoja nyuma, unauachia. Ila mguu wa kushoto ni mvivu kidogo, hivyo hanyooshi. Anakata kona. Anazunguka nyumba.

Ukimvuta kwa kamba ili anyooke, anaanguka. Nimejaribu mara nne.

Shimo bado. Nilishika jembe kabisa. Kisha nikawaza: udongo mbichi uani, Ambrose atauliza hapa palikuwa na nini. Na nikinunua mche nikapanda, ataniuliza shimo lilikuwa wazi tangu lini. Nikarudisha jembe. Nitafukia kesho, polepole, kwa udongo mkavu.

Ijumaa, 5 Julai

Shule zimefunguliwa tangu Jumatatu. Nimefundisha kidato cha tatu habari ya kinu na michi. Mmoja akauliza: Mwalimu, kama miguu inajitembeza yenyewe, mtu akienda pabaya ni kosa la nani? Nikawapa zoezi la ukurasa wa sitini na mbili.

Leo nilitoka nyumbani nikinuia kwenda dukani kununua mche. Nikashtuka niko kwenye geti la shule, saa kumi na moja jioni, mlinzi ananisalimu, Kamwene Mwalimu, umesahau nini?

Ijumaa, 12 Julai

Lukas, kiongozi wa matarumbeta, alikuja kufanya mazoezi na bendi yake uani kwangu. Anadai kilichomwinua Peasi ni muziki, eti walipopiga wimbo wa mavuno alitikisa kwato. Nimemweleza ni kuvutwa mguu, si muziki. Akanisikiliza kwa upole, akapuliza tena.

Kesho! Nimemsugua Peasi manyoya kwa brashi. Nimekata kitenge kipya cha kumtandika mgongoni.

Na kuhusu shimo — nimelifunika kwa mabua ya mahindi. Nimeyatandaza vizuri, kama malisho. Halionekani kabisa. Baada ya sherehe nitafukia, naapa.

Jumamosi, 13 Julai

Saa saba kasoro mchana. Naandika nimesimama, daftari juu ya friji. Nimewaambia naingia kuchukua chumvi ya ng'ombe.

Nianze mwanzo. Saa nne wote wamefika. Ambrose na suti ya kahawia. Jofrey na simu ya kupigia picha. Bendi ya Lukas, watu tisa, koti na tai. Zipora kavaa gauni la Pasaka na raba mpya nyeupe. Alipomwona Peasi amesimama kwa miguu minne akafunika uso, mabega yakatikisika. Nami nikalia. Nililia kwa furaha, namba moja. Namba mbili naijua mimi.

Sala. Wimbo. Ambrose akasema haya, atembee. Peasi hakutembea. Nikamshika kiuno, nikavuta mguu. Wapi! Baridi imemkaza. Nikavuta tena. Ambrose akatazama saa, akarudi nyuma hatua moja kumpisha Jofrey apige picha — akaubana mkia kwenye nguzo ya banda.

Kushoto. Kulia. Kushoto. Uwanja mzima ukalipuka! Lukas akainua mikono kama yeye ndiye kafanya. Zipora akashika kamba, akawa anatembea kinyumenyume mbele ya ndama, uso kwa uso, anamwimbia. Bendi nyuma. Kikundi nyuma ya bendi.

Peasi hakwenda getini. Alikata kona. Amezunguka nyumba mara moja, getini akapapita hivi hivi. Mara ya pili akapapita. Ambrose akasema apewe muda, ajielekeze. Wakataka kumsimamisha wamgeuze, nikapiga kelele asiguswe, akilala ndiyo basi tena! Wakatii. Niliwafundisha vizuri mno.

Sasa ni zaidi ya saa mbili anatembea. Hajasimama! Mbele anang'ata nyasi akipita, nyuma wanaendelea na safari. Mpiga ngoma amebadilishwa mara mbili. Ambrose amevua koti, kisha tai, sasa anatembea na soksi. Anasema hadharani huku akihema kwamba hajawahi kuona mnyama mwenye nia kama huyu. Majirani wanaopita njiani wameunga foleni, wanadhani ni maandamano ya kanisa.

Lakini mduara unapanuka. Mguu wa kushoto umepata moto, unasukuma vizuri kuliko asubuhi. Kila mzunguko anatoka nje kidogo, kama unga ukisambaa kwenye ungo. Saa nne alikuwa anapita chini ya dirisha. Sasa hivi kapita kwenye kamba ya kuanikia nguo. Nimehesabu kwa hatua: mzunguko huu atapita kati ya kamba na mabua. Unaofuata, ni juu ya mabua.

Na anayetangulia ni Zipora. Kinyumenyume. Na raba nyeupe.

Naweza kutoka sasa hivi nikasema simameni, hapo pana shimo. Sentensi fupi, mtoto wa chekechea anaiweza. Halafu Ambrose atauliza shimo la nini. Halafu Zipora atanitazama. Atakumbuka tarehe 3 Juni, atakumbuka jinsi alivyonishika mkono njiani. Peasi atalala chini nje ya kanuni, hajatoka getini, na masufuria yako kwa Jofrey kwenye gari, nimeyaona.

Au labda ataruka pembeni. Mbele ana macho, ana kichwa kizima. Mbele ataona. Ila mbele aliona pia siku ile?

Wanakuja. Nasikia tarumbeta kubwa upande wa jikoni. Kapita choo. Kapita tangi la maji. Zipora ameniona dirishani, ananichekea, ananipungia kwa mkono usio na kamba. Anatamka kitu — nadhani ni asante.

Wamepita. Kwato zimekanyaga bua moja la pembeni. Limelia kama kijiti. Hakuna aliyesikia.

Umebaki mzunguko mmoja. Mzunguko ni dakika nne, nimepima.

Chumvi ninayo mkononi. Mlango uko wazi, upepo baridi unaingia. Nimeiambia miguu itoke. Nimeiambia mara tatu. Anzeni! Uti wangu mzima, ubongo wangu mzima, diploma ya ualimu ukutani, na nimesimama hapa kwenye friji naandika.

Tarumbeta liko upande wa jikoni tena.