Mkono wa Mama

Kaka yangu,

Huku hatujambo, ila bati la jikoni linavuja vilevile na paka wako amezeeka na kiburi chake. Filamu yangu ya mikutano ya mtaa inakaribia kwisha. Ulikuwa ukinicheka: nani atatazama watu wakigombania jalala? Lakini ndivyo walivyo. Wanabishana mpaka koo zinawakauka, kisha wananyoosha mikono, na neno la wengi ndiyo sheria.

Mwezi uliopita walikujadili wewe, kwamba ukitoka gerezani urudi mtaani au usirudi.

"Wasiotaka arudi, wanyooshe," akasema mwenyekiti.

Najua utauliza, basi nakwambia: mkono wa kwanza kupanda ulikuwa wa mama. Mtaa mzima ukafuata, isipokuwa seremala, baba wa yule mtoto uliyemgonga na lori akafa. Yeye aliiacha mikono yake mapajani.

Nililia nyuma ya kamera. Nikajiambia, huyu amesamehe pale mzazi wetu alipokukana. Nikapanga filamu iishie kwenye uso wake. Mama nikamnunia wiki nzima.

Jana aliingia chumbani nikihariri. Akautazama ule uso, akaniambia niurudishe nyuma, akautazama tena.

"Unaona amesamehe?" akauliza. "Mwanangu, katika mtaa huu mzima, huyo ndiye pekee anayetaka kaka yako arudi. Mimi nataka aishi."

Kaka, usije.

Mdogo wako