Rangi ya Ukungu wa Mama

Jumatatu, 3 Machi
Kijijini Ekerenyo. Siku ya kumi na moja ya kupiga picha. Nimepaka mafuta ya kujipaka kwenye kioo, nikakiweka mbele ya lenzi. Mama anachuma majani chai kwa kupapasa. Ana mtoto wa jicho macho yote mawili. Namuuliza anaona nini, kisha natafuta picha inayofanana. Nusu ya filamu ni maisha yake, nusu ni macho yake. Leo amesema migomba ni watu waliosimama ndani ya moshi. Nimeipata picha hiyo saa kumi jioni. Nina furaha.

Jumatano, 5 Machi
Simu kutoka hospitali, Kisii mjini. Nafasi imepatikana. Mama afanyiwe upasuaji wa macho Jumatatu, si mwezi wa tano kama tulivyopangiwa. Nilishukuru. Nilipokata simu, nikakasirika. Nahitaji wiki nne zaidi. Akiona, filamu imekufa.

Sijamwambia.

Alhamisi, 6 Machi
Bado sijamwambia. Mama ameungua kidole akitafuta mfuniko wa sufuria. Nilikuwa narekodi. Nilichelewa kuweka kamera chini. Najichukia.

Ijumaa, 7 Machi
Nimemwambia yote. Simu, siku mbili za kunyamaza, sababu. Alikuwa anamenya ndizi.

"Kwa hiyo ulitaka nikae gizani kidogo."

Nikasema ndiyo. Akamenya nyingine mbili.

"Ingekuwa ni picha tu, Kerubo, ningekaa. Lakini nimechoka kukujua kwa sauti."

Nimepiga simu hospitali. Tunakwenda.

Jumamosi, 8 Machi
Sabato. Hakuna kazi. Kanisani Mama aliomba aombewe macho. Kosa langu hakulitaja.

Jumatatu, 10 Machi
Kisii. Jicho la kulia tu. La kushoto watalifanya mwezi wa tano. Kamera nimeiacha nyumbani. Mikono haikujua pa kukaa.

Jumanne, 11 Machi
Bandeji imetolewa. Aliniangalia muda mrefu. Akasema nimezeeka. Muuguzi alicheka kabla yetu.

Jumapili, 23 Machi
Nimemwonyesha picha kwenye kompyuta. Niliogopa kuliko siku ya mtihani wowote. Alifunika jicho la kulia kwa kiganja, akatazama mashamba mlangoni kwa la kushoto, lenye ukungu bado. Akafunika la kushoto, akatazama kompyuta. Akarudia.

"Hapana. Umeweka kijivu. Huku ni njano, kama chai ya maziwa."

Siku zile za kijivu. Zote makosa. Nilidhani filamu itakufa akiona, kumbe nilikuwa nakisia tu. Sasa yuko mtu wa kunisahihisha.

Nimefuta kioo. Nimejaribu asali. Amesema inakaribia.

Jumatano, 2 Aprili
Mvua tangu asubuhi. Tunahariri pamoja, yeye kwenye kiti cha Baba. Akisema kata, nakata. Hospitali wamethibitisha siku ya jicho la kushoto. Kazi bado ni nyingi. Siku hiyo nimeiandika ukutani kwa chaki, herufi kubwa, aweze kuisoma mwenyewe.